Kinu cha Bi Somoe na Mtambo wa Mseto

Mambo yaliharibika siku ya Jumatano, tarehe kumi na tisa Mei, saa nne na dakika saba za asubuhi, pale Mtukufu wa Jamhuri ya Makofi alipobonyeza kitufe chekundu na nchi nzima ikaonja sauti yake.

Kabla ya hapo mambo hayakuwa mazuri, lakini angalau yalikuwa mabaya kwa mpangilio. Sikio lilisikia, pua ilinusa, ulimi ulikaa kinywani ukingoja chakula kisichokuja, na kila mtu alijua taabu yake inaingilia mlango gani. Jumatano ile milango yote ikafanywa mmoja.

Jamhuri ya Makofi usiitafute kwenye ramani. Haipakani na nchi yako wala haifanani nayo, na ukiona jambo humu limefanana na la kwenu, ujue ni wao ndio walioiga. Watu wa Makofi wana tabia hiyo. Hata jina la nchi walilipata kwa sababu siku ya uhuru mtu mmoja alipiga makofi kuua mbu, wengine wakafuata, na mpaka leo hakuna aliyethubutu kuwa wa kwanza kuacha.

Mtambo wenyewe uliitwa Mtambo wa Taifa wa Mseto wa Hisia. Ulinunuliwa na Wizara ya Ladha, Harufu na Uzalendo, na siku ya uzinduzi waziri mwenye dhamana, Mheshimiwa Dokta Tindwa, alisimama mbele ya umati akakohoa kikohozi cha serikali.

"Ndugu wananchi!" alisema. "Kwa muda mrefu mmekuwa mkilalamika kwamba hotuba haziliwi. Serikali yenu ni sikivu. Imesikia. Kuanzia leo, zinaliwa!"

Makofi yakapigwa mpaka njiwa wakahama.

Kazi ya mtambo ilikuwa hivi. Kila nyumba ilifungiwa kisanduku cheusi ukutani, na kila kisanduku kilisikilizana na mnara wa mtambo. Kisanduku kikiwaka, hisia za mtu zinachanganywa kama uji. Ukisikia sauti, unaionja. Ukinusa harufu, inasema nawe. Ukitazama rangi, inakugusa mwilini. Nyekundu iliwasha kama upupu, watu wakaacha kuanika nguo nje. Manjano ilitekenya, na kwa bahati mbaya bendera ya chama ilikuwa ya manjano, kwa hiyo asubuhi ilipopandishwa watumishi wa umma wote waliangua kicheko, na wote wakawekwa ndani kwa kosa la kufurahi bila maelekezo.

Hotuba ya Mtukufu ndiyo iliyoleta mvutano. Baraza la Mawaziri lilikesha likibishana iwe na ladha gani. Huyu alitaka pilau, yule ndizi nyama, mwingine akaapa kujiuzulu kama dagaa wa kwao wataachwa nje. Kwa kuwa nchi ile inapenda umoja, waliviweka vyote. Basi hotuba ilianza kama pilau, katikati ikageuka dagaa, takwimu za uchumi zikawa na ladha ya barafu tupu, na mwisho, kwenye "Mungu Ibariki Makofi", ikaja halua. Watu walishiba midomo, matumbo yakabaki yakiuliza kulikoni huko juu.

Katika mtaa wa Kibaoni alikaa mchonga mipini ya majembe aliyeitwa Mzee Likwata. Mtaa uliitwa hivyo kwa kuwa miradi yote ya maendeleo iliyopelekwa pale ilikuwa vibao: kibao cha maji, kibao cha barabara, kibao cha soko la kisasa. Likwata alisoma mpaka darasa la tatu, mwaka ambao mwalimu alihamishwa akaondoka na ubao. Mkewe, Bi Somoe, alikuwa ametangulia mbele ya haki mwaka uliopita, na tangu hapo mzee akawa mtu wa uchungu. Hakuna jambo ambalo hakuwatwika wakubwa.

"Mzee Likwata," walimtania vijiweni, "wewe hata mbu akikuuma unamtafuta waziri."

"Mbu kazaliwa wapi?" naye hujibu. "Si mtaroni? Mtaro kauacha wazi nani, mama yako?"

Ilikuwa vigumu kumshinda.

Arobaini ya Bi Somoe ilipoisha, ndugu wa marehemu walikuja kugawana vitu kama ilivyo desturi. Kanga zikaenda, masufuria yakaenda, hata ungo ulipata mwenyewe. Lakini ilipofika zamu ya kinu, Likwata alikikalia. Alikaa juu ya kinu tangu asubuhi, akala hapohapo, akapokea salamu za kuagwa hapohapo, na shemeji zake walipoona mzee hainuki wakasema basi, aachiwe, huenda akili zimemruka. Kinu hicho alikichonga mwenyewe walipokuwa wachumba. Bi Somoe alitwangia humo viungo vya pilau vya kuuza, hiliki, mdalasini, karafuu, pilipili manga, miaka nenda miaka rudi, mpaka mti wenyewe ukalewa harufu.

Sasa, Jumatano ile, watu wakiwa wanatafuna hotuba, Likwata alikuwa amenuna uani. Akaona afute vumbi kinu chake. Akainama.

Tu! Tu! Tu!

Akainuka. Uani hapakuwa na mtu, alikuwepo kuku mmoja tu, naye hakuwa na mchi. Akainama tena.

"Likwata wewe! Hiyo kofia unaivaa ndani ya nyumba, unangoja mvua ya dari?"

Mzee akavua kofia haraka, akaificha nyuma. Kisha akakaa chini, akakumbatia kile kinu kama mtu aliyekutwa na mafuriko.

Tangu siku hiyo alikuwa na mke tena. Si mke mzima, ni sauti tu, na sauti yenyewe ilirudia yale tu yaliyowahi kusemwa juu ya kinu kile. Lakini Likwata alikuwa mtu wa kuridhika na kidogo, ndivyo nchi ilivyomlea. Punde akajua kila harufu imebeba nini. Hiliki ilibeba makaripio: ya kofia, ya miguu yenye tope, ya kukoroma. Mdalasini ulibeba nyimbo, maana Bi Somoe alipenda kuimba akitwanga mdalasini. Pilipili manga ilibeba siasa. Na karafuu mzee hakuitafuta kwa makusudi. Ilikuwa chini kabisa, kwenye kina cha kinu, akasema ataiacha imkalie kama akiba. Alianza kunyoa ndevu. Alianza kuosha miguu kabla ya kuingia ndani.

Bi Arafa, shoga yake marehemu, hakupendezwa.

"Shemeji," alimwambia mlangoni, mikono kiunoni, "kuna mwanamke ndani."

"Yupo."

"Huna hata haya! Udongo wa mwenzio haujakauka!"

"Ingia ukamwone mwenyewe."

Bi Arafa akaingia amejifunga kanga kibwebwe, tayari kwa vita. Akaelekezwa kwenye kinu. Akainamisha pua.

"Arafa moyo wake mzuri," ilisema sauti ya Somoe, mchi ukiendelea kulia, "ila wali wake, mh! Ukimrushia mtu anavimba. Usije ukamwambia."

Bi Arafa alicheka mpaka akalia, kisha akalia mpaka akacheka, akasema, "Ni yeye! Ni yeye mshenzi!" Kabla jua halijageuka wanawake wa Kibaoni walikuwa uani kwa Likwata, kila mmoja akitaka kutukanwa kidogo na marehemu.

Nchi yenye watu wenye furaha bila kibali haiwezi kukaa hivyo siku nyingi. Balozi wa nyumba kumi, Bwana Mbaruku, alikuja kukagua mkusanyiko. Alikuwa mtu mpole, mwenye ugonjwa mmoja tu, wa kuripoti. Akaombwa ainame, naye akainama, ila kwa bahati mbaya pua yake ikakutana na pilipili manga.

"Wakubwa wa nchi hii," sauti ilimwambia, "ni kama mwiko. Unaingia kila chungu, haushibi, na wenyewe haupikwi."

Balozi akainuka, uso umekuwa kama kiazi.

"Mzee Likwata, haya nimeyasikia mimi?"

"Umeyanusa. Kunusa si kosa."

"Lilikuwa si kosa mpaka Jumatano," alisema Balozi kwa masikitiko ya kweli. "Nitaripoti, mzee wangu. Usinichukie. Nisipokuripoti wewe, itanibidi nijiripoti mimi niliyenusa."

Kesi ilisikilizwa katika ukumbi wa kata. Aliyeketi kiti cha mbele alikuwa Afisa Mseto wa Wilaya, Injinia Lyapembile, mtu wa suti, ambaye kabla ya kuzungumza hulamba midomo ili ajue sauti yake ina ladha gani leo. Kinu kiliwekwa mezani na kufunikwa turubai, kisije kikachangia hoja kabla ya kupewa nafasi.

"Kosa," alisoma Injinia, "ni marehemu kuhutubia wananchi bila kibali, muda uleule Mtukufu anapohutubia. Je, marehemu yupo?"

"Angekuwepo tusingemwita marehemu," alijibu Likwata.

"Jibu swali, mzee."

"Yumo humo kwenye turubai."

Injinia akalamba midomo. Akasema sheria haiwezi kumhukumu marehemu mpaka ithibitishwe kwamba kweli ni marehemu, basi akaitwa Mganga Mkuu wa Wilaya atoe ushahidi. Mganga Mkuu alikuja na koti jeupe, na kwa kuwa nyeupe kwenye mtambo ilileta baridi, ukumbi mzima ukatetemeka.

"Huyo mama simjui," alisema. "Kwetu hakufa."

Likwata alisimama. "Kwenu hakufa? Nilimleta mwenyewe kwa mkokoteni! Nikamkuta bwana amevaa gwanda anasema hakuna kuingia, hospitali inazinduliwa, utepe haujakatwa. Nikasema basi kateni. Wakasema mkasi umesahaulika makao makuu, umefuatwa. Tukakaa chini ya ukuta. Bendi inapasha moto matarumbeta, mke wangu kaniegemea hapa begani. Hapa! Mkasi ulipofika, walipiga makofi. Mimi sikupiga, kwa sababu bega lilikuwa limeshakuwa zito."

Hata visanduku havikujua maneno yale yana ladha gani.

"Pole sana, mzee," alisema Mganga Mkuu, na ilionyesha anamaanisha, kwani alishusha sauti. "Lakini tuelewane. Kabla ya utepe kukatwa pale hapakuwa na hospitali. Palikuwa na utepe. Mtu hawezi kufia hospitali isiyokuwepo. Nyumbani hakufia, njiani hakufia, kwa sababu alikwisha fika. Kwa utaratibu, hajafa."

"Kwa hiyo yu hai?" aliuliza Injinia, akianza kutokwa na jasho.

"Hai hawezi kuwa, hatukumpokea. Hali yake ni kwamba anasubiri."

Injinia alishauriana na dari. Mtu anayesubiri huwezi kumfunga, wala huwezi kumwachia, wala huwezi kumkataza kuongea, maana katiba ya Makofi inawaruhusu wanaosubiri kunung'unika kwa sauti ya chini. Ila kinu, alisema akipata nuru, kinu hakina katiba. Kinu kioshwe.

Hapo Mzee Likwata, mtu ambaye hakuwahi kumwomba mkubwa hata njia, alipiga magoti.

"Baba, nichukue mimi. Nifunge. Nipeleke kunakopelekwa watu. Nitawapigia na makofi, nimekaa mwaka sijapiga. Ila kinu kiache. Sina kingine cha huyo mwanamke. Hata picha hatukupiga, yule mpiga picha alikuwa akifuatana na msafara wa waziri."

"Inuka, mzee, unaniharibia ladha," alisema Injinia, si kwa ukali. "Serikali haina nia mbaya na mkeo. Kitaoshwa kwa heshima zote za kitaifa. Bendi itakuwepo. Na hatutaosha kwa maji baridi kama watu wasio na bajeti. Tutaosha kwa maji ya moto, yaliyochemka barabara!"

Nyuma ya ukumbi wanawake wa Kibaoni walitazamana. Mtu yeyote aliyewahi kukaa jikoni hata mara moja, hata kwa kupotea, anajua viungo vikimwagiwa maji ya moto vinafanya nini. Lakini watu wa Wilaya walikuwa wamekula maisha yao yote bila kupika hata siku moja.

"Lakini jamani, maji ya moto si ndiyo..." alianza mama mmoja.

Bi Arafa akamfinya paja. "Nyamaza," alinong'ona. "Waache wataalamu wafanye kazi yao."

Uoshaji ulifanyika mchana wa kesho yake uwanjani, chini ya mnara wa mtambo, kwa sababu Injinia alitaka picha itokee na mnara nyuma. Muda ulipangwa ulingane na hotuba ya Mtukufu ili taifa lisikose kitu. Pipa lilitokota. Sabuni ya serikali ilitayarishwa, mche mzima. Bendi ikapiga, na Mtukufu akaanza kuhutubia kutoka Ikulu, pilau ikatanda kwenye ndimi za watu nchi nzima. Likwata alisimama pembeni, Balozi Mbaruku kamshika mkono, ilimradi asiruke, au ilimradi asianguke.

"Mwaga!" aliamuru Injinia.

Wakamwaga.

Mvuke ulipanda kama mtu aliyekatishwa usingizi. Hiliki kwanza. Ukapanda mpaka kwenye mnara, mnara ukaupokea, na kwa kuwa mnara ule kazi yake ilikuwa moja tu, kupokea na kusambaza, ukasambaza. Katika kila nyumba ya Jamhuri ya Makofi pilau ya hotuba ilipata hiliki ya kweli kwa mara ya kwanza, na juu ya sauti ya Mtukufu ikasikika sauti ya mwanamke:

"Likwata, unakoroma mpaka kuku wanaamka wanadhani kumekucha! Na hiyo suruali yako yenye tundu la nyuma, unamwonyesha nani?"

Taifa zima likamgeukia Likwata, hata wale ambao hawakujua alipo. Mzee akajishika nyuma ya suruali. Hakujali. Alikuwa akitabasamu na machozi yanadondoka.

Ukaja mdalasini, nchi nzima ikaimbiwa. Ikaja pilipili manga, na mwiko ukaingia kila chungu, nyumba hadi nyumba, ofisi hadi ofisi, mpaka katika chumba cha Baraza la Mawaziri, ambako inasemekana watu walipiga chafya kwa pamoja, halafu wakatazamana kuona nani anaripoti.

"Zima!" alipiga kelele Injinia. "Zima maji!"

Maji ya moto hayazimwi. Yalikuwa yamekwisha fika kwenye kina cha kinu, na karafuu ikapanda.

Sauti ya mchi sasa ilikuwa nzito, inakawia. Tu. Kimya. Tu. Na sauti ya Bi Somoe ilikuwa ya mtu aliyejishika tumbo.

"Likwata mume wangu, mchi umenishinda leo. Naviacha hapa hivihivi. Lete huo mkokoteni. Wamesema wanafungua hospitali leo, hatutakawia. Nikirudi nitamalizia."

Basi. Mvuke ukaisha. Kinu kikabaki kinanuka sabuni.

Huko Ikulu, Mtukufu alikuwa amenyamaza katikati ya sentensi. Ieleweke kwamba tangu aingie madarakani hakuwahi kuuliza swali. Maswali waliulizwa wengine, na yeye alikuwa majibu. Lakini siku hiyo watu wote walisikia kwa ndimi zao kitu kisicho pilau wala dagaa, kitu cha chumvichumvi, kisha mzee yule mkubwa akauliza kama mtu aliyeketi jirani na meko:

"Huyu mama alirudi?"

Wananchi waliinua mikono wapige makofi, halafu wakaiona ikiwa hewani, hawajui waifanye nini.

Katika nchi ya Makofi swali la Mtukufu ni amri, lazima lijibiwe. Mheshimiwa Dokta Tindwa aliitisha mawaziri wenzake. Wakijibu kwamba alirudi, ataletwa aonwe. Wakijibu kwamba hakurudi, itaulizwa yuko wapi, na Mganga Mkuu amekwisha sema hajafa, na kumkanusha Mganga Mkuu ni kuukanusha utepe, na utepe ule aliukata Mtukufu mwenyewe. Wakaunda tume. Tume ikasafiri nchi za nje kujifunza jinsi mama wa huko wanavyorudi.

Mzee Likwata alifunga safari mpaka lango la Ikulu, amevaa suruali isiyo na tundu.

"Nasikia kuna swali," alimwambia mlinzi. "Jibu ninalo mimi. Ni neno moja."

"Mzee wangu," alisema mlinzi, "swali limetoka juu. Jibu lako linatoka chini. Vikutane wapi?"

"Hapa hapa langoni."

"Hapa ni lango, baba. Hapa watu hungoja."

Akarudi Kibaoni. Akainamia kinu, akasikia povu linapiga wimbo wa taifa kwa mbali. Hakuinama tena. Bi Arafa alimletea wali, akaula wote bila kusema neno juu ya wali, akashukuru, na mama yule akajua shemeji yake ameumia kweli.

Hotuba zinaendelea. Kila siku kisanduku kikiwaka pilau inafika ulimini, watu wanaanza kutafuna. Halafu, mahali palepale kabla ya takwimu, Mtukufu anasita. Watu wanaacha kutafuna. Mawaziri wanatazama viatu vyao. Na sauti inayojulikana nchi nzima, isiyo na ladha yoyote sasa, inauliza tena: yule mama alirudi?